Wimbo wa Kuubembeleza Wakati

  Tuna dakika zetu chache za kuzungumza, na leo nimekuja na jambo ambalo pengine hukulitarajia katika kipindi hiki. Nataka tuzungumze kuhusu uchawi.

Usizime redio. Sizungumzii uchawi wa kurogana, wala sina dawa ya kumuuzia mtu. Nazungumzia uchawi wa hadithini, ule ambao watunzi huubuni ili watuambie jambo ambalo kwa maneno makavu halisemeki. Na katika uchawi huo nimechagua aina moja tu: uchawi wa kutumia muziki kuutuliza wakati uliovurugika. Nirudie kwa ajili ya yule aliyejiunga nasi sasa hivi. Muziki wa kuutuliza wakati uliovurugika.

Utaniuliza, wakati unavurugikaje? Kweli, katika maisha yetu jua huchomoza na kutua bila kumwuliza mtu. Lakini hadithini wakati unaweza kuugua. Siku tatu zinaweza kujirudia, na kujirudia, na kujirudia tena. Kijana anaweza kulala akiwa mtoto akaamka akiwa mtu mzima. Mwezi unaweza kuanza kushuka kutoka angani, na mji mzima ukawa unahesabu saa zilizobaki. Sasa wakati ukiugua namna hiyo, aitwe nani? Aitwe mfalme? Aitwe askari? Katika hadithi ninazotaka kuwasimulia leo, anaitwa kijana mwenye filimbi.

Hadithi zenyewe zimo katika michezo ya video, au gemu kama wanavyosema vijana wetu. Naam, gemu. Najua wapo wazazi wanaonisikiliza ambao neno hilo haliwafurahishi hata kidogo. Umemtuma mtoto dukani saa kumi, saa kumi na moja umemkuta kwenye kibanda cha gemu, na chumvi hajanunua. Malalamiko yako ni ya haki, mama, na sitayapuuza. Nakuomba tu unipe sikio mpaka mwisho, maana ndani ya baadhi ya michezo hiyo kuna sanaa nzito, na sanaa nzito inastahili kuzungumzwa redioni sawa na riwaya au tamthilia.

Mwaka 1998 kampuni ya Nintendo ya Japani ilitoa gemu iitwayo The Legend of Zelda: Ocarina of Time. Ilikuwa ya kuchezwa kwenye mashine yao ya Nintendo 64. Mwaka 2000 ukafuata mwendelezo wake, Majora's Mask, hadithi ya kinyago kilicholaaniwa. Mtunzi mkuu wa muziki katika zote mbili ni Mjapani Koji Kondo, yule yule aliyetunga muziki wa Super Mario ambao hata asiyewahi kucheza gemu ameusikia mahali. Na shujaa wa hadithi zote mbili ni kijana mmoja, Link. Jambo la kwanza la kulijua kuhusu Link ni kwamba hazungumzi. Watu wanamweleza shida zao, wanalia mbele yake, wanamtukana, naye hajibu kwa maneno. Akitaka kuijibu dunia, anatoa filimbi.

Filimbi hiyo inaitwa okarina. Ni chombo cha kweli, si cha kubuni. Ni ya udongo wa kuchomwa, fupi, imejaa tumboni, na ina mdomo wa kupulizia na matundu ya vidole. Watu wa Amerika ya Kati walikuwa na filimbi za udongo za namna hiyo kabla Wazungu hawajafika kwao, na okarina ya kisasa ilibuniwa na Giuseppe Donati katika mji wa Budrio, Italia, katikati ya karne ya 19. Sauti yake ni ya upole, haina ukali wa zumari. Ukiisikia kwa mbali unadhani mtu anapiga mluzi akiwa ndani ya mtungi.

Sasa sikiliza jinsi watengenezaji walivyoliweka jambo hili mikononi mwa mchezaji, maana hapa ndipo ustadi wao ulipo. Walichukua vitufe vitano vya kidhibiti, kile kitu anachoshika mchezaji, na kila kitufe wakakipa sauti yake. Sauti tano tu. Kwa sauti hizo tano zikatungwa nyimbo zote za uchawi. Wimbo wa Wakati una sauti tatu zinazopigwa, kisha zinarudiwa. Basi. Mtoto wa miaka saba anaujua baada ya dakika moja. Na si kwamba anabonyeza mahali palipoandikwa "piga wimbo" kisha akatazama tu. Anaupiga mwenyewe, kwa vidole vyake, na akikosea sauti moja hakuna kinachotokea. Kwa hiyo uchawi haumo katika filimbi peke yake, umo pia katika vidole vya anayecheza. Watu waliocheza gemu hii wakiwa watoto, leo wana watoto wao, na vidole vyao bado vinaukumbuka wimbo ule.

Tuingie kwenye hadithi. Katika Ocarina of Time, Link ni mtoto. Anaupiga Wimbo wa Wakati ndani ya hekalu, mlango wa mawe unafunguka, na ndani yake anakuta upanga. Anauchomoa. Lakini ni mdogo mno kwa kazi inayomngojea, kwa hiyo analazwa usingizi wa miaka 7. Anapoamka amekuwa kijana mkubwa, na soko alilolipita juzi likiwa limejaa watu wanaocheza na mbwa wanaobweka limegeuka magofu. Hakuna aliyebaki pale isipokuwa wafu wanaotembea. Miaka 7 imepita bila yeye kuiishi. Fikiria hilo, msikilizaji. Wapo watu wetu waliofungwa gerezani, waliougua kwa muda mrefu, walioishi kambini ugenini, wakarudi nyumbani wakakuta mtaa hauwajui. Hawahitaji kuelezwa Link alihisi nini.

Kuna kisa kimoja katika gemu hiyo ambacho nakiwaza mara kwa mara. Kuna mtu anayekaa ndani ya kinu kinachozungushwa na upepo, anapiga santuri yake akizunguka na kinu. Link akimwendea akiwa mkubwa anamkuta ana hasira. Anasema miaka 7 iliyopita alikuja mtoto mmoja na okarina, akapiga wimbo wa ajabu ulioleta tufani na kuvuruga kinu chake chote. Hajausahau mpaka leo. Na kwa hasira hiyo hiyo anampigia Link wimbo wenyewe. Link anaujifunza. Kisha Link anarudi nyuma miaka 7, anakuwa mtoto tena, anaingia kinuni, na anaupiga ule wimbo. Mtu wa kinu anausikia kwa mara ya kwanza, na ndipo anapoanza kuubeba kichwani mwake kwa miaka 7, ili aje amfundishe Link.

Haya, niambie. Nani aliyeutunga wimbo huo? Link alifundishwa na mtu wa kinu. Mtu wa kinu aliusikia kwa Link. Hakuna aliyeutunga. Umeingia duniani bila mtunzi, unazunguka tu kati ya watu wawili kwa miaka 7, kwenda na kurudi. Mtu anaweza kusema ni kosa la mantiki. Mimi nasema ni picha ya kweli ya nyimbo zilivyo. Muulize bibi yako nani alitunga wimbo aliokubembelezea ulipokuwa mchanga. Atakwambia aliusikia kwa mama yake. Na mama yake? Kwa mama yake. Ukienda mbele ukienda nyuma humkuti mtunzi, unakuta waimbaji.

Sasa tuje kwenye gemu ya pili, Majora's Mask, maana kiini cha mazungumzo yangu kiko huku.

Link amefika katika nchi iitwayo Termina. Katikati ya nchi kuna mji, na katikati ya mji kuna mnara wa saa. Watu wanajiandaa kwa Kanivali ya Wakati, sikukuu yao kubwa, ambayo itafika baada ya siku 3. Maseremala wanajenga jukwaa, meya anasuluhisha mabishano, mtu wa posta anakimbia na barua zake. Lakini ukiinua macho unauona mwezi. Una uso, una macho makali, na unashuka. Kuna kiumbe mpweke, Skull Kid, aliyehisi kwamba marafiki wamemtupa. Amevaa kinyago kilicholaaniwa, na nguvu ya kinyago hicho inauvuta mwezi uje uiangukie nchi. Zimebaki saa 72.

Mchana katika gemu hii unaanza saa 12 asubuhi na usiku unaanza saa 12 jioni, na kila mara kengele ya mnara inalia. Sisi tunaohesabu saa kwa Kiswahili hatuna la kufundishwa hapo, ndivyo tunavyoigawa siku. Kwa saa ya ukutani ya mchezaji, siku hizo 3 ni dakika 54 tu. Na wakati hausimami kukungoja. Ukikaa kutazama maua, saa zinakwenda. Ukipotea njia milimani, saa zinakwenda. Na Koji Kondo akafanya jambo la werevu mkubwa katika muziki wa mji: siku ya kwanza mahadhi ni ya furaha na yanakwenda taratibu, siku ya pili mahadhi ni yale yale lakini yameongeza mwendo, siku ya tatu yanakimbia, na chini yake umeingia mvumo mzito wa hofu. Wimbo ni ule ule. Unayetetemeka ni wewe, kwa sababu sikio lako limeshajua kabla ya macho kwamba muda unakwisha.

Link ana nini mkononi? Ana okarina, na ana Wimbo wa Wakati aliofundishwa na Binti Mfalme Zelda. Aliambiwa kwamba mungu wa kike wa wakati anamlinda, na akiupiga wimbo huo atamsaidia. Ukisikiliza vizuri utaona kwamba huo si ufunguo wala silaha. Ni dua. Link hawezi kuusimamisha wakati kwa nguvu zake, anaweza kuuomba. Akiupiga, anarudishwa alfajiri ya siku ya kwanza na mwezi unarudi juu. Akiupiga kinyume, yaani akaanza na sauti ya mwisho na kumalizia na ya kwanza, wakati unapunguza mwendo. Akiipiga kila sauti mara mbili mbili, wakati unaruka mbele. Anayemfunulia siri ya nyimbo hizo mbili za pili ni sanamu la kufukuzia ndege, lile linalosimamishwa shambani, ambalo katika hadithi hii linapenda sana kucheza dansi. Napenda kwamba elimu kubwa namna hiyo imewekwa kwa sanamu la majani na si kwa mwanachuoni.

Angalia tena, kwa sababu hapa ndipo ninapotaka tusimame. Hakuna hata wimbo mmoja kati ya hizo unaoushinda wakati. Wimbo wa kwanza unaurudisha, na papo hapo unaanza tena kwenda. Wimbo wa kinyume unaupunguza mwendo, lakini unaendelea kwenda. Wakati unatulizwa kama mama anavyomtuliza mtoto mwenye homa: mtoto analala, mama anajua ataamka, na atabembelezwa upya. Homa yenyewe haijaondoka. Nasema tena, muziki hapa unabembeleza, hauamrishi. Na kila ubembelezaji una gharama.

Gharama gani? Link akirudi alfajiri ya siku ya kwanza, mishale yake, mabomu yake na fedha zake za mfukoni vinapotea, isipokuwa zile alizoziweka benki. Hayo ni madogo. Kubwa ni kwamba kila mtu amemsahau. Yule mzee aliyemsaidia hamjui. Yule mtoto aliyemfuta machozi hamjui. Wema wote alioutenda umefutwa pamoja na zile siku 3, na shida zote za watu zimerudi mahali pake, zinamngojea upya.

Nitawapa kisa kimoja, halafu mtaona uzito wake. Katika mji huo kuna mwanamke, Anju, anaendesha nyumba ya wageni. Mchumba wake Kafei, mtoto wa meya, ametoweka, na harusi yao ilikuwa iwe siku ya kanivali. Mama mtu anamwambia binti yake aache kumsubiri. Watu wananong'ona. Kumbe Kafei yupo mjini humo humo, amejificha. Skull Kid amemgeuza mtoto mdogo, na juu ya hapo Kafei ameibiwa kinyago cha harusi, naye aliapa kurudi na kinyago hicho. Anaona haya kujitokeza. Link anaweza kuwasaidia, lakini kazi hiyo inamla siku zote 3. Lazima awepo mahali fulani saa fulani, apeleke barua, apokee zawadi ya kumpelekea Anju, amvizie mwizi korongoni. Akichelewa sehemu moja, yote yameharibika.

Akifaulu, nini kinatokea? Katika saa za mwisho kabisa, mji umeshakimbiwa na watu, ardhi inatikisika, mwezi umejaa mbingu yote. Anju yuko chumbani peke yake na gauni lake la harusi. Mlango unafunguliwa. Anaingia mtoto mdogo amebeba kinyago, naye Anju anamtambua. Wanaunganisha vinyago vyao viwili, Link akiwa shahidi pekee wa ndoa hiyo. Halafu wanamwambia yeye akimbie, ajiokoe. Wao watabaki pale pale, waisubiri asubuhi pamoja.

Na Link afanyeje? Atoe okarina, apige Wimbo wa Wakati. La sivyo wote watakufa. Anaupiga, na ndoa ile haijawahi kufungwa. Anju yuko kaunta, anamsubiri mtu aliyepotea. Kafei yuko mafichoni. Kinachobaki ni kinyago cha wanandoa mikononi mwa Link, na kumbukumbu ambayo hakuna mwingine duniani anayeibeba. Wasikilizaji wangu, nimesoma riwaya nyingi kuhusu kujitolea. Chache zimenieleza kujitolea kama dakika hizo za gemu: kutenda wema ukijua kwamba uliyemtendea hatakumbuka, na kwamba utautenda tena.

Kuna wimbo mwingine humo, Wimbo wa Uponyaji. Link anaupata kwa mfanyabiashara wa vinyago, naye anaupiga mbele ya roho zisizotulia. Kule milimani kuna shujaa aliyekufa, Darmani, roho yake inahangaika kwa sababu watu wake wameachwa wanakufa kwa baridi. Kule pwani kuna mwanamuziki, Mikau, mpiga gitaa, anakata roho mchangani na kazi yake haijaisha. Link hawafukuzi, wala hawaamuru waende zao. Anawapigia wimbo. Kila mmoja anaona kwa mara ya mwisho kile alichokipenda. Darmani anawaona wenzake wakimshangilia, Mikau anaiona bendi yake. Kisha anatulia, na maumivu yake yanageuka kinyago ambacho Link atakivaa ili aimalizie ile kazi.

Sisi watu wa pwani tukisikia hayo hatushangai sana. Katika ngoma za pepo, kila pepo ana ngoma yake na nyimbo zake. Wapigaji wakipiga isiyo yake, hatikisiki. Wakiipata yake, anapanda, anazungumza, anaulizwa anataka nini, anapewa heshima yake. Sina nia ya kusema kwamba watunzi wa Japani walikaa Tanga au Unguja wakajifunza kwetu. Nasema watu wa pande mbili za mbali wamefikia wazo moja: kilichovurugika hakitulizwi kwa fimbo, kinatafutiwa wimbo wake. Iwe ni roho, iwe ni wakati wenyewe.

Na bembelezi ninazozitaja tangu mwanzo, gemu hii inayo moja waziwazi. Milimani kuna mtoto analia kwa sababu baba yake hajarudi, na kilio chake kinawasumbua wote. Baba, mzee wa watu wale wa milimani, yuko nje kwenye theluji ameganda kwa baridi. Anamfundisha Link mwanzo wa wimbo anaombembelezea mwanawe, kisha mwisho wake unampotea, haumalizi. Link anaupeleka ule mwanzo kwa mtoto. Mtoto anaposikia sauti za baba yake anaacha kulia, na yeye mwenyewe anaimba sehemu iliyobaki. Baba amesahau mwisho, mwana ameuhifadhi. Kisha mtoto analala, na wote waliomzunguka wanalala.

Nipite haraka kwenye kitabu kimoja, maana nisingependa mfikiri wazo hili ni la gemu peke yake. Mwaka 1973 Mjerumani Michael Ende alichapisha riwaya iitwayo Momo. Humo wezi wa kijivu wanawaibia watu muda wao. Msichana Momo anapelekwa mahali ambapo wakati wa kila mtu unachanua kama maua, na pale anasikia muziki. Anatamani kuwaimbia marafiki zake aliyoyasikia, lakini hana budi kulala kwanza mpaka yaive ndani yake. Anaamka mwaka umepita na marafiki wametawanyika. Umeona? Link miaka 7, Momo mwaka mmoja. Watunzi wawili, wote wanajua kwamba anayeugusa wakati kwa muziki lazima auache wakati nao umguse.

Basi, kwa nini muziki? Kwa nini watunzi hawa hawakuchagua saa ya dhahabu, au fimbo ya kuchezesha nyota? Nadhani ni kwa sababu muziki ndicho kitu pekee tulichotengeneza sisi binadamu ambacho kimeundwa kwa wakati mtupu. Kiti kimeundwa kwa mbao. Nyumba kwa mawe. Wimbo umeundwa kwa sasa, na kidogo kijacho, na kidogo kilichopita. Wanaotwanga wawili wawili kwenye kinu kimoja wanaimba, na michi haigongani, na saa nzima ya kazi haiwalemei. Mabaharia wanaovuta tanga wanaimba, na mikono ishirini inakuwa mkono mmoja. Katika ukumbi wa taarabu mwimbaji akiurudia ubeti mmoja mara ya tatu, watu wakasimama kwenda kutunza, muulize yeyote pale ni saa ngapi. Hajui. Hataki kujua. Dakika za saa hazijabadilika hata moja, lakini wakati umetulia. Watengenezaji wa Majora's Mask walilichukua jambo hilo ambalo kila mpiga ngoma analijua, wakaliita uchawi. Hawakudanganya.

Na sasa maombi yangu, maana dakika zetu zinaelekea ukingoni.

Ombi la kwanza ni kwenu wazazi. Mtoto wako akiwa na gemu, usiulize tu itakwisha lini. Kaa naye mara moja, muulize hadithi yake inahusu nini, na wimbo huo unaosikika unatoka wapi. Ukikuta ni upuuzi, mwambie ni upuuzi na umweleze kwa nini. Ukikuta ni kama hizi nilizowasimulia, mtakuwa na la kuzungumza usiku kucha.

Ombi la pili ni kwenu vijana mnaotengeneza gemu Dar es Salaam, Nairobi, Kampala na kwingineko. Mara nyingi muziki unatafutwa mwishoni kabisa, kazi ikiwa imekwisha, unabandikwa kama rangi. Hebu jaribuni kuanza na mahadhi. Mna zumari, mna marimba, mna msondo na chapuo. Mna ngoma ambazo kila moja ina saa yake na sababu yake ya kupigwa. Mwiteni mpiga ngoma mezani siku ya kwanza, kabla hamjachora hata mti mmoja.

Na la tatu ni kwako wewe ambaye bado una bibi, au shangazi mkubwa, au jirani mzee aliyelea watoto wengi. Juma hili mwende, mwombe akuimbie bembelezi moja, yote, mpaka mwisho. Shika simu yako, irekodi, na umuulize aliisikia kwa nani. Kisha tuandikieni hapa studio mtuambie mmepata nini. Kwa leo niishie hapo.